Wimbo wa Mwisho wa Klabu ya Hanover

Lorraine Bloor aliolewa na Glyn Machin katika ofisi ya msajili ya Hanley, mjini Stoke, Jumamosi tarehe 9 Septemba 1989, saa nne na nusu asubuhi. Saa hiyo waliiomba wenyewe. Jioni bwana harusi alitakiwa awe kazini, akipiga santuri katika klabu ya Hanover, mtaa wa Burslem mjini humohumo, na kabla ya hapo alitaka apate usingizi kidogo. Kwa hiyo karamu ikawa chapati za oti zenye jibini na bekoni nyumbani kwa mama yake Lorraine, na adhuhuri ilipopita tu bwana harusi alikuwa anakoroma kwenye kochi na suti yake, ua bado limechomekwa kifuani.

Fungate waliifanyia Rimini, pwani ya Italia. Aliyemjua Glyn hakuuliza kwa nini. Mwaka ule muziki wa house uliokuwa unatikisa kumbi za kaskazini mwa Uingereza ulitoka Italia: kinanda cha furaha, ngoma isiyochoka, na mwanamke anayelia juu yake kama aliyeibiwa. Siku za wiki Glyn aliendesha lori la kiwanda cha vigae. Jumamosi alikuwa mtu mwingine, mtu wa kunyooshewa kidole kwa sifa mitaani, na mtu huyo alihitaji santuri ambazo mwenzake hana. Rimini alinunua nyingi hata wakalazimika kuacha mataulo yao hotelini ili sanduku lifunge. Nyingine alizisikiliza dukani kidogo, nyingine alizichukua kwa kuvutiwa na jalada, na nyingine muuza duka alimtupia tu mwishoni kama nyongeza, bila jalada wala maelezo.

Madijei wa upande ule walikuwa na desturi ya kuficha. Ilianza zamani, enzi za kumbi za muziki wa soul, na wa house wakairithi. Dijei akipata santuri nzuri, anaifunika lebo yake, ile karatasi ya katikati yenye jina la wimbo, ili mpinzani asijue ni ya nani akaenda kuitafuta. Mpinzani wa Glyn aliitwa Mick Tunnicliffe, dijei wa klabu moja ya Hanley. Mick alikuwa na tabia ya kuja Hanover, kununua bia moja, na kusimama nyuma ya Glyn amenyoosha shingo.

"Mick, ukitaka kusoma nenda maktaba," Glyn alikuwa akimwambia.

"Nimekuja kukusalimia tu, kaka."

"Salamu zako zina macho makubwa."

Wengine walibandika karatasi nyeupe juu ya lebo. Glyn aliona hiyo haitoshi, maana karatasi hubanduliwa kwa ukucha. Yeye alitaka lebo iondoke kabisa, na nyumbani alikuwa na mtu wa kuiondoa.

Lorraine alifanya kazi katika kiwanda cha vyombo vya udongo, kwenye meza ya maua. Maua huja yamechapwa kwenye karatasi. Unayaloweka kwenye maji ya uvuguvugu mpaka yaanze kuteleza, unayahamishia kwenye sahani, kisha unakamua maji kwa kipande cha mpira kuanzia katikati kwenda nje, ili kisibaki kiputo hata kimoja, kwa sababu kiputo kikiingia tanuruni ua linatoboka. Kutoa karatasi kwenye santuri ilikuwa kazi ileile, ila kinyumenyume: maji ya moto, tone la sabuni ya vyombo, kidole gumba.

Waliporudi kutoka Rimini, Glyn alitangulia kurudi kazini. Lorraine alikuwa bado na siku ya likizo. Alifungua sanduku, akatoa santuri zote, akaziloweka moja baada ya nyingine kwenye sinki la jikoni. Alitaka kumfurahisha. Mumewe alipoingia alizikuta zimesimama kwenye kichanja cha vyombo, nyeusi tupu hadi katikati, zinachuruzika.

"Zote?" akauliza.

"Zote."

"Lorraine, nyingine nilikuwa sijazisikiliza."

"Si utazisikiliza sasa."

Alikaa chini na koti lake. Baadaye alicheka, akasema angalau Mick naye hatajua kitu.

Nyingi alizitambua alipoziweka kwenye mashine. Moja hakuitambua. Ilikuwa nzito na ya polepole kidogo kuliko zake nyingine, ngoma kama ngumi iliyoloa inayogonga mlango wa chuma, na juu yake sauti ya mwanamume, nene ajabu, maneno yakivutika hata usijue ni lugha gani. Aliirudia mara kadhaa. Kisha akachukua msumari akakwaruza ile namba ndogo ambayo kiwanda huichora karibu na tundu la katikati, kwa sababu hata kwa namba hiyo mtu kama Mick angeweza kuifuatilia. Hakuiandika popote kwanza. Jumamosi ile aliipiga mwisho kabisa, taa zilipokuwa zinawashwa.

Tangu hapo ikawa ndiyo ya mwisho kila Jumamosi. Watu waliita wimbo ule Mchungaji, kwa sababu ya ile sauti kama ya mhubiri. Walisema ni mtu wa Chicago aliyefia gerezani. Walisema ni padri aliyeasi. Jamaa mmoja wa Crewe aliapa kwamba anayo nyumbani, lakini hakuwahi kuileta. Vijana wa migodini, wasichana wa viwanda vya vyombo, watu ambao wiki nzima hawakusema zaidi ya habari ya asubuhi, waliketi sakafuni wakashikana mabega wimbo huo ulipoanza, na wengi walilia. Lorraine alisikia haya zaidi kuliko alivyoyaona. Yeye alikaa kwenye chumba cha kutunzia makoti ya wageni, na Mchungaji alimfikia kupitia ukutani.

Santuri ikichezwa kila wiki huchakaa. Ilipofika mwaka wa tatu ilikuwa inakwaruza kama samaki anakaangwa, na Glyn akaanza kuitafuta nyingine. Hakujua aulizie nini. Alipiga simu kwenye maduka ya Italia akawaimbia mlio wake, sebuleni, mama mkwe wake amekaa palepale na kikombe cha chai.

"Huyo mume wako anaumwa?" mama aliuliza.

"Anatafuta wimbo, mama."

"Kwa kupiga kelele za ng'ombe?"

Glyn hakumlaumu Lorraine. Mara moja tu, wakila, alisema bila kuinua macho, "Lakini wewe uliisoma. Uliishika mkononi. Lazima uliisoma."

"Niliona rangi tu. Buluu. Au kijani."

"Haya."

Hawakulizungumzia tena.

Hanover ilifungwa mwaka 1995, ikawa ghala la mazulia. Machi mwaka uliofuata Glyn alipasuka mshipa kichwani akipakua vigae huko Fenton, akafa kabla gari la wagonjwa halijafika. Alikuwa na miaka thelathini na minne. Lorraine aliitwa ofisini kwa msimamizi, akaambiwa, akasema asante. Alirudi mezani akamalizia rundo la sahani lililokuwa mbele yake, kwa sababu maua yalikuwa yameshalowekwa na yangeharibika.

Tangu hapo mambo yalimfikia kama kupitia ukutani. Hakulia mazikoni. Daktari alimwandikia vidonge. Hakuvimeza na hakuvitupa, viliwekwa kabatini pamoja na sukari. Aliendelea kupika chakula cha watu wawili, na cha pili alikila kesho yake. Alipoulizwa hali alijibu nzuri, na haikuwa uongo, maana hakuwa na jingine la kusema.

Kiangazi cha 1997 akaja Toby Aldous kutoka London. Kampuni yake ilitoa mikusanyiko, zile diski zinazouzwa hadi kwenye vituo vya petroli, tatu katika boksi moja, jalada la dhahabu na msichana aliyevaa nguo ya kuogelea. Mwaka huo nusu ya vijana wa Uingereza walikuwa na mojawapo kwenye gari. Sasa kampuni ilitaka kutoa mfululizo kuhusu klabu za mwanzo, kila mji na diski yake, na jina la dijei wake juu. Toby alikaa jikoni kwa Lorraine, miguu mirefu, akashika kikombe kwa mikono miwili.

"Diski ya Stoke itakuwa ya Glyn," alisema. "Nimezungumza na watu wengi, dada. Wote wanataja wimbo mmoja. Ule wa mwisho."

"Mchungaji."

"Huo. Unaitwaje hasa?"

"Sijui."

"Nani aliuimba?"

"Sijui."

Alimweleza habari ya sinki. Toby alisikiliza, kisha akatazama lile sinki.

"Tatizo ni hivi," alisema. "Siwezi kuuza wimbo wa mtu bila saini yake. Na bila wimbo huo diski ya Stoke haina maana, nyimbo nyingine zote zipo kwenye diski za miji mingine. Bosi wangu ameshasema: nikikosa, nafasi hiyo inakwenda Leicester."

"Na Glyn?"

"Hapo Glyn hatakuwemo. Pole sana."

Lorraine alingoja aone kama kuna kitu atakisikia ndani yake. Hakukuwa na kitu. Lakini alijua vizuri maana ya maneno yale. Glyn hakuwahi kutoa santuri yake mwenyewe, hakuwahi kuandikwa gazetini, na mlango wa Hanover ulikuwa umeandikwa bei za mazulia. Jina lake lilikuwa kwenye jiwe la makaburi ya Burslem na kwenye bili ya maji. Na jina la wimbo lililokuwa linatafutwa alikuwa amelishika yeye, chini ya kidole gumba chake, akalisugua mpaka likaingia kwenye tundu la sinki.

"Tuna fundi studioni kwetu," Toby alisema. "Anasikiliza kila kitu. Nipe santuri nimpelekee."

"Nitaileta mwenyewe."

Aliomba ruhusa ya siku moja. Beryl Colclough, aliyeketi kiti cha kando yake kwenye meza ya maua tangu Lorraine akiwa msichana, alimtazama akivua aproni.

"London? Wewe? Watakuuza."

"Napeleka santuri ya Glyn."

"Basi vaa lile koti la kijani. Hilo la kijivu unaonekana kama umetumwa na serikali."

Alivaa la kijivu. Ndani ya treni aliipakata santuri imefungwa kwa foronya ya mto, akatazama mashamba bila kuyaona.

Studio ilikuwa chumba kisicho na dirisha, nyuma ya duka la baiskeli. Fundi aliitwa Anil, mtu mpole mwenye soksi zisizofanana. Aliipokea santuri kwa ncha za vidole, akaitazama pande zote mbili.

"Nani aliisafisha hivi?"

"Mimi."

"Hakuna hata alama ya gundi."

"Ndiyo kazi yangu," Lorraine alisema.

Anil akaiweka kwenye mashine na kushusha sindano. Mashine ilikuwa bado kwenye mwendo alioutumia kwa santuri ya kabla yake, mwendo wa mizunguko arobaini na tano kwa dakika, ule wa haraka. Glyn daima aliicheza kwa thelathini na tatu, kwa sababu santuri zake karibu zote zilikuwa za thelathini na tatu, na mwendo wa santuri huandikwa kwenye lebo.

Kwenye spika alitoka msichana.

Aliimba haraka, sauti nyembamba ya kitoto, vinanda vikirukaruka nyuma yake na mtu akipiga makofi. Ilikuwa Kiitaliano na kila neno lilisikika. Anil alinyoosha mkono abadilishe mwendo, kisha mkono ukabaki hewani.

"Samahani," alisema. "Ni hii kweli?"

Akaushusha mwendo. Msichana akazama, akavutika, akawa mwanamume, akawa Mchungaji. Akaupandisha tena. Mchungaji akapanda, akawa msichana. Toby aliangua kicheko, akamwona Lorraine, akakifuta kwa kiganja.

"Kwa hiyo miaka yote ile," alisema.

"Hatukujua," alisema Lorraine. "Niliitoa lebo kabla hajaisikiliza."

"Hata yeye hakujua?"

"Angejuaje?"

Kazi iliyomshinda Glyn miaka mitatu ilimalizika kabla ya chai kupoa. Toby alimpigia simu mwenzake wa Milano akamwekea wimbo kwa mwendo wa haraka, na yule mtu akaanza kuuimba naye. Kiangazi kimoja kila hoteli ya pwani ile iliucheza asubuhi kando ya bwawa, ili watoto wafanye mazoezi. Uliitwa Pedalò, ukimaanisha lile boti dogo la kukanyaga kwa miguu. Ulihusu msichana anayemsubiri mvulana wakapande boti hilo. Mwenye wimbo alikuwa mama mmoja wa Bologna, Signora Fabbri, na simu yake ilipatikana.

Toby alizungumza naye kupitia yule mwenzake, muda mrefu, akitembea. Alipokata simu alikaa kwenye mkono wa kiti.

"Anakubali kusaini. Ila anataka uwekwe kwa mwendo wake. Nimemchezea ule wa polepole kidogo. Aliyeimba ni binti yake. Anasema hajamzaa mtoto aje kusikika kama ng'ombe mgonjwa."

Anil aliinamia vitufe vyake.

"Sikiliza, dada Lorraine," Toby aliendelea. "Njia ipo. Namkodi mwimbaji mwenye sauti nzito, Anil anatengeneza ngoma zinazofanana, tunabadilisha mlio kidogo ili mama yule asitushike. Tunauita Mchungaji. Watu wa Stoke watapata walichokizoea. Hakuna atakayejua."

"Na huu?"

"Huu unabaki kwenye foronya. Jina la Glyn linakwenda kwenye jalada kama tulivyosema. Yeye mwenyewe angetaka siri yake ikae, si ndiyo? Wewe ndiye mrithi wake. Ukisema ndiyo, naanza kesho."

Lorraine alimwomba Anil aucheze tena kwa mwendo wa haraka. Alisikiliza hadi mwisho, mikono juu ya mapaja. Haukumgusa. Hata ule wa polepole haukumgusa. Alifikiri, kwa utulivu uleule aliofikiria nao kila kitu siku hizi, kwamba yule mwimbaji wa kukodi atakuwa ni mtu anayemwigiza msichana aliyepunguzwa mwendo, na jina la Glyn litawekwa juu yake.

"Glyn hakutaka siri," alisema. "Siri ilikuwa ya kumzuia Mick. Yeye alitaka kujua unaitwaje. Alipiga simu Italia hadi akaonekana kichaa."

"Ndiyo, lakini..."

"Sasa unajulikana unaitwaje. Uandike hivyo."

"Kwa mwendo huu? Diski nzima ya house, halafu mwisho watoto wa bwawani? Dada, watacheka."

"Wacheke."

"Stoke watanilaumu mimi."

"Hawakujui," alisema Lorraine.

Toby alimtazama Anil, labda akitafuta msaada. Anil alisema tu kwamba santuri imechakaa kwa kuchezwa polepole kwa sindano nzito, na kwamba mama wa Bologna bila shaka ana nakala safi. Toby akasema atamuuliza bosi. Bosi, alipopigiwa, alicheka sana kwenye simu, akasema hadithi hiyo itauza kuliko wimbo wenyewe, Leicester isubiri. Lorraine alisaini karatasi mbili kwenye meza yenye mabaki ya sendwichi.

Kesho yake Beryl alitaka kusikia yote, na Lorraine akamweleza huku wakibandika maua.

"Ngoja," alisema Beryl. "Mtoto wa dada yangu alilia kwenye huo wimbo mpaka akaachana na mchumba wake. Kumbe ni boti la kukanyaga?"

"Ndiyo."

"Ameolewa na mwingine sasa. Nimwambie?"

"Mwambie."

"Na wewe umelia?"

"Hapana."

Beryl alikamua maji kwenye sahani yake kutoka katikati kwenda nje, taratibu. "Haya," alisema. "Sogeza hilo bakuli."

Jumamosi Lorraine alikwenda soko la Hanley, ambako Mick Tunnicliffe sasa ana kibanda cha kuuza diski. Alimkuta anapanga mikusanyiko ya jalada la dhahabu. Nywele zilikuwa zimemkimbia. Alimwambia jina la wimbo, waziwazi, jinsi mtu anavyorudisha kitu alichoazima.

Mick alilirudia jina mara mbili. Kisha akauliza, "Mwendo gani?"

"Arobaini na tano."

Aliweka chini diski alizokuwa ameshika. Hakucheka. "Nilisimama nyuma yake miaka yote ile natafuta lebo," alisema. "Angeona aibu?"

"Labda."

"Au angecheka."

"Labda. Sijui, Mick."

"Wewe unaonaje?"

"Sioni kitu," alisema Lorraine. "Nimekuja kukuambia tu."

Mick alimwomba amwekee nakala. Lorraine alimwambia atanunua kama wengine, akaenda kununua viazi.

Diski ya Stoke inaingia madukani Jumatatu tarehe 6 Oktoba 1997. Jina la Glyn Machin limechapwa kwenye jalada, na wimbo wa mwisho unachezwa kwa mwendo wa arobaini na tano.